Mtani Aliyehesabiwa Lungumbe

Mahali ilipo

Wilaya ya Lungumbe ipo. Naanza na hilo kwa sababu kuna kipindi jambo hili lilikuwa na ubishi, hasa kule makao makuu, ambako walikuwa wakituandikia barua na kuzirudisha wenyewe kabla hazijafika.

Kaskazini imepakana na pori la Serikali, kusini na pori lisilo la Serikali, magharibi na barabara inayotarajiwa kujengwa, na mashariki na Wilaya ya Mtipwa, ambayo siisemi vibaya kwa kuwa nao wanaandika kitabu chao. Nchi yenyewe siitaji jina. Anayeishi humo analijua, na asiyeishi humo amshukuru Mungu kimyakimya.

Mimi ni mwalimu wa jiografia katika sekondari ya hapa mjini. Aliyeniagiza niandike sura hii kwa ajili ya wanafunzi ni Mkuu wetu wa Wilaya, Mheshimiwa Livingu Mapande. Aliniambia, "Mwalimu, andika milima, mito, hali ya hewa na idadi ya watu. Mambo mengine usiyaguse." Nimejitahidi kutoyagusa kama nilivyoagizwa, lakini kila nikigusa kilima, yananigusa yenyewe.

Sura ya nchi

Tuna mto mmoja, Nakipya, unaotiririka wakati wa masika na wakati wa ziara za viongozi. Tuna kilima kimoja, Kigego, kilichosimama peke yake kama jino la mwisho kinywani mwa mzee. Wataalamu walipokuja kukipima walikiandika kuwa ni mlima, kwa sababu posho ya kupanda mlima ni nono kuliko ya kupanda kilima. Sisi tunaendelea kukiita kilima, ila mbele ya wageni tunakiheshimu.

Juu kabisa ya Kigego pamesimikwa jiwe la mpaka, la saruji. Upande huu ni Lungumbe, upande ule ni Mtipwa. Nyuma ya kilima, upande wa Mtipwa, kuna kitongoji kinachoitwa Mgongoni. Kwa ramani Mgongoni ni ya Mtipwa. Kwa kuoleana, kuzikana na kuuziana mihogo ni ya Lungumbe. Mtu akipiga kelele ya kuomba msaada pale Mgongoni, hospitali yetu inamsikia na zahanati ya Mtipwa inamsikia, na kila moja inadhani imeitwa ile nyingine.

Mila na desturi

Kati yetu na watu wa Mgongoni kuna utani wa tangu enzi za mababu. Mtani anaruhusiwa kukuita nyani, mla panya na mwizi wa kuku mbele ya wakwe zako, nawe huruhusiwi kununa. Ukinuna umeshindwa. Lakini siku ukifa, mtani huyohuyo ndiye anayekuja kukuchimbia kaburi. Anachimba huku anakusema. Anashuka shimoni analala, anasema kaburi hili ni zuri mno kwa bahili kama wewe. Anavaa koti lako, anaiga ulivyokuwa ukitembea na ulivyokuwa ukijikohoza ukiombwa kitu. Wafiwa wanalia, mara bila kutaka wanacheka, na hapo ndipo tanga linaanuliwa.

Sehemu nyingine tanga huanuliwa kwa siku. Kwetu linaanuliwa pale mfiwa mkuu anapocheka, na ni lazima awe amechekeshwa na mtani. Ndugu hawezi, shehe hawezi, padri hawezi, Serikali ndiyo kabisa. Kabla ya hapo mfiwa haondoki mkekani, hashiki jembe, na pande zote mbili za Kigego hakupigwi ngoma. Akishacheka, neno la kifo hicho limekwisha, na ni mwiko kulirudia mbele yake.

Bingwa wa kazi hii alikuwa Nangumbi wa Mgongoni, mkulima wa mihogo, mfupi, mwenye matege. Sidhani kuna kaburi hapa mjini ambalo hakulijaribu kwa mgongo wake kwanza. Mheshimiwa Mapande alipofiwa na mama yake, akawa halii wala hali, Nangumbi alijifunga kanga za marehemu, akamkalisha Mheshimiwa chini mbele ya umati, akamuuliza kwa sauti ya yule bibi kama amenawa miguu kabla ya kupanda kitandani. Mheshimiwa alicheka mpaka akashika kitambi, kisha akalia kama mtoto, kisha akaomba ugali. Watu wazima walisema Nangumbi amemrudisha mtu duniani siku ile.

Idadi ya watu

Ndipo Wizara ya Mipaka na Kuwepo ikatoa waraka. Wilaya yoyote ambayo sensa itaikuta na watu pungufu ya elfu ishirini itafutwa, na Mkuu wake atapangiwa majukumu mengine. Maneno hayo ya mwisho yamewahi kumlaza kitandani kanali mstaafu.

Hesabu ya majaribio ilionyesha tunapungua. Mheshimiwa aliitisha mkutano wa hadhara akawahimiza wananchi kuzaa kwa kasi na kwa uzalendo. Mganga Mkuu akamnong'oneza kuwa mimba huchukua miezi tisa. Mheshimiwa akauliza ni kikao gani kilichopitisha utaratibu huo.

Hapo ndipo alipokumbuka kuwa nyuma ya Kigego kuna watu. Gari la matangazo likapanda kilima likiita, "Enyi nyani wa Mgongoni, watani zenu wanawaalika pilau! Njooni na watoto! Njooni na wageni wenu!" Wakaja wote. Ng'ombe walichinjwa, pilau likapikwa kwa masufuria ya shule, na kando ya masufuria wakakaa makarani wa sensa. Sahani ilikuwa upande huu wa meza na karani upande ule, hukuweza kuifikia ile bila kumpitia huyu.

Nangumbi alikuwa wa kwanza. Alipoulizwa jina aligeuka, akawapigia wenzake kelele, "Leo mtani amekubali kuwa mimi ni mtu! Karani, andika upesi kabla hajabadili mawazo!" Tulicheka sana. Ninaikumbuka ladha ya pilau lile, na ningependa kuisahau.

Mheshimiwa alihutubia. "Ndugu zangu wa Mgongoni," alisema, "kuna watu wenye macho madogo wanaodhani Kigego ni ukuta. Kigego si ukuta! Kigego ni uti wa mgongo, na uti wa mgongo haugawi mwili, unaushikilia! Kuanzia leo ninyi ni damu yetu, sisi ni damu yenu, na atakayewatenganisha na Lungumbe atanitambua!" Tukapiga makofi. Alisema kuanzia leo, na hakuna aliyeuliza mpaka lini.

Tulivuka elfu ishirini na chenji ikabaki. Lungumbe ikapona.

Huduma za jamii

Wilaya ina hospitali moja yenye dirisha moja la mapokezi. Matokeo ya sensa yalipokuja, wataalamu walikokotoa wakagundua kwamba kwa idadi mpya ya watu hospitali imeelemewa. Mheshimiwa akatoa agizo kwamba, ili kuipunguzia mzigo, ihudumie wakazi halali tu kwa mujibu wa ramani. Kwa sensa, Mgongoni walikuwa wetu. Kwa ramani, hawakuwa wetu. Tulivitunza vitabu hivyo viwili katika kabati moja na havikuwahi kugombana.

Asubuhi moja Nangumbi aligongwa na nyoka, kifutu, shambani kwake. Mdogo wake, Chitanda, na majirani walimlaza kwenye kitanda cha kamba, wakakibeba mabegani, wakapanda Kigego, wakashuka mpaka kwenye dirisha letu. Dirishani alikuwa Bi Zamda, karani wa mapokezi, mama mpole ambaye watoto wa jirani humkimbilia akitoka kazini. Siku mbili kabla alikuwa amepewa barua ya onyo kwa kupitisha wasio wakazi.

"Mgonjwa ni wa wapi?" akauliza.

"Wa Mgongoni," akasema Chitanda.

"Mgongoni iko Mtipwa, kaka."

"Dada, si juzi tu tumehesabiwa hapahapa? Si tumekula pilau?"

"Ile ilikuwa sensa," akasema Bi Zamda. "Hapa ni hospitali."

Nangumbi akainua kichwa kutoka kitandani. "Mtani," akamwambia, "mguu wangu umevimba kuliko kitambi cha Mkuu wenu, na bado hunioni?"

Midomo ya Bi Zamda ilicheza kutaka kucheka, kisha akainamisha uso. Foleni ilikuwa ndefu na kila mmoja wetu alikuwa na namba yake mkononi. Ukutani kulikuwa na bango la kufundisha kunawa mikono, lenye michoro mizuri, na foleni nzima ikaanza kulisoma. Tulilisoma mpaka kitanda kilipoondoka.

Walipanda Kigego tena, wakashuka upande wa pili mpaka zahanati ya Mtipwa. Huko waliambiwa, "Nyie mlihesabiwa Lungumbe. Katika hesabu yetu hampo, na dawa huletwa kwa hesabu." Wakakigeuza kitanda wakirudi kwetu, kwa kuwa hakukuwa na pengine pa kwenda. Kufika juu, Nangumbi akawaomba watue.

"Nilazeni hapa," akasema, "kichwa Lungumbe, miguu Mtipwa. Wagombanie."

Wakamlaza jiwe la mpaka likawa usawa wa kiuno chake. Chitanda anasema walikuwa bado wanacheka alipokata roho.

Dawa ya sumu ya nyoka ilikuwemo katika jokofu la hospitali yetu, nyuma tu ya kiti cha Bi Zamda. Imo mpaka sasa na tarehe yake bado ni nzuri.

Hali ya hewa

Baada ya hapo hali ya hewa ya mji ilibadilika.

Kama ilivyo ada, Mgongoni walituletea habari ya msiba, maana sisi ndio watani. Wanaume wa mjini walikwenda na majembe na sepetu. Walichimba kaburi lililonyooka kuliko yote waliyowahi kuchimba, na walichimba kimya, wameinamisha vichwa, kama wanamchimbia mgeni. Hakuna aliyelala shimoni. Hakuna aliyevaa koti la marehemu wala kutembea kwa matege. Somoe, mjane wake, alikaa mkekani akawatazama, akingoja mmoja aanze. Walimaliza, wakampa pole kwa adabu, wakaondoka.

Sokoni ilikuwa hivyohivyo. Wauza nyanya waliwaongezea watu wa Mgongoni fungu zima juu ya walichonunua, nao wakaziacha nyanya palepale mezani. Tuliwaamkia kabla hawajatuamkia. Tuliwaita mheshimiwa, tukawapisha njiani, hata mbuzi wetu tuliwafukuza wasiwazuie. Siku moja bibi mmoja wa Mgongoni alisimama katikati ya soko akashika kiuno. "Nyie nyani," akasema, "mbona mnatuheshimu? Tumewakosea nini?" Mtani yeyote angemjibu hapohapo. Sisi tulijifanya tunapanga bamia.

Aibu ilikuwa imetuingia na haikujua pa kukaa. Mafundi waliacha kupiga miluzi. Wapishi wa hoteli waliondoa pilau kwenye ubao bila kuambiwa. Bi Zamda aliomba uhamisho wa kwenda stoo, ambako hakuna dirisha. Mheshimiwa Mapande mwenyewe alianza kuosha gari lake kwa mikono yake. Siku moja nilipompelekea rasimu ya sura hii alikaa muda mrefu akitazama mstari wa Kigego, kisha akauliza, "Mwalimu, hivi mama angesema nini?" Hapohapo akajikohoza, akasema, "Hilo usiliandike."

Msongamano

Kiongozi wa kweli haachi hatia izagae ovyo. Mheshimiwa aliita kikao cha dharura na wataalamu wa takwimu wakaja na mashine za kukokotoa.

"Ndugu wajumbe," alisema, "tusikimbilie kutafuta nani kakosea. Kutafuta nani kakosea ni ukoloni. Hatia ni mali ya umma, na mali ya umma hugawanywa kwa haki. Serikali haina hatia, Serikali ni mtunzaji tu. Wenye hatia ni wananchi, na bahati nzuri tunao wengi!"

Wajumbe walifurahi sana. Ilionekana kwamba hatia ikigawanywa kwa watu elfu ishirini na ushee, kila mmoja anabaki na chembe ambayo haimzuii kula wala kulala. Afisa Mipango alichora ramani ya msongamano wa hatia kwa kila kilomita ya mraba. Mjini rangi ilikuwa nyeusi kidogo, porini njano. Ikaamuliwa kwamba kila kaya ipelekewe mgawo wake na tarishi, kwa mdomo, na mkuu wa kaya aupokee akiwa amesimama.

Ili hesabu itoke vizuri bila desimali, ilibidi watumie idadi ya sensa. Na katika sensa, kama ilivyokwishaelezwa, Mgongoni ni wetu.

Kwa hiyo tarishi wa wilaya alipanda Kigego akashuka mpaka kwenye mkeka wa Somoe. Alivua kofia, akamweleza kwamba kutokana na kifo cha marehemu Nangumbi, yeye na wanawe wamegawiwa hatia ya watu wanne. Ilikuwa ya watano, lakini mmoja wa waliohesabiwa amefariki, ndiyo maana sehemu yake imerudishwa wilayani.

Somoe alimtazama. "Niiweke wapi, baba?" akauliza. "Ghalani au uvunguni?"

Tarishi alisema hakupewa maelekezo kuhusu hilo. Alipofika juu ya kilima aliketi kwenye jiwe la mpaka akalia, na kazi hiyo hajaifanya tena. Siku hizi anauza mkaa.

Kilimo

Wakazi wengi ni wakulima na hutegemea mvua. Mwaka huo ilikuja mapema. Mashamba yote ya pande mbili za Kigego yalilimwa na kupandwa, isipokuwa shamba la Nangumbi lililobaki na majani kiunoni. Somoe alikuwa mkekani. Mfiwa mkuu hashiki jembe kabla tanga halijaanuliwa, na watoto wake hawaruhusiwi kumtangulia. Majirani waliokuja kulala msibani walikuwa wakila akiba ya ghala lake, maana msiba haulali na njaa. Mbegu zilikuwa kwenye kibuyu juu ya dari, zinangoja mtu mmoja acheke.

Alituma neno mjini kupitia kwa Chitanda. "Waambie watani waje wafanye kazi yao," alisema. "Sitaki pole. Pole ninazo za kutosha. Mvua itaniacha."

Tulilisikia. Kila mwanamume mjini alijiambia kuwa kesho atakwenda, akafikiria atatania nini, akaliona tena akilini bango la kunawa mikono, akakaa.

Katikati ya hali hiyo ikaja barua kwamba Waziri wa Mipaka na Kuwepo anakuja kutukabidhi Cheti cha Kuwepo, kwa sherehe yenye ngoma. Ngoma haiwezi kupigwa tanga la mtani likiwa juu. Wapigaji wote walikataa, hata wale wa bendi ya magereza. Ndipo ikaundwa Kamati ya Mzaha ya Wilaya, yenye mwenyekiti, katibu na mjumbe kutoka usalama. Ilikaa, ikapitisha mzaha mmoja, ikautuma Mgongoni ukiwa umepigwa mhuri. Katibu aliusoma mbele ya mkeka: "Ofisi ya Mkuu wa Wilaya inachukua fursa hii kukutania kwamba wewe ni nyani. Nakala: faili."

Kimya kilichofuata kinasemekana kilisikika mpaka Mtipwa. Somoe alifunika uso kwa kanga. Katibu alidhani anacheka akaanza kuandika, kisha akaona mabega yake na akafunga kalamu.

Usafiri

Kesho yake Mheshimiwa Mapande alikwenda mwenyewe, kwa miguu, amevaa suti yake ya sherehe. Mji mzima ulimfuata, maana hakuna aliyetaka kwenda na hakuna aliyeweza kubaki. Alipofika mkekani alipiga goti.

"Mama Somoe," akasema, "nimekuja kufanya kazi ya mtani. Nifundishe. Nimwige vipi marehemu? Nitembee kwa matege?"

"Matege yake nayajua," akasema Somoe. "Nimeishi nayo. Niigie siku yake ya mwisho. Hiyo sikuiona."

Kitanda kilekile cha kamba kililetwa. Mheshimiwa akalazwa, Chitanda na wenzake wakakibeba. Ni mtu mzito. Kitanda kililia njia nzima, wabebaji wakapokezana, jua likapanda, suti ikalowa. Somoe alitembea mbele, mkeka wake ukiwa umebebwa nyuma yake na binti yake, ili isiwe ameuacha.

Bi Zamda aliitwa kutoka stoo akarudi dirishani. Alipoona ni nani aliyelala kitandani alisimama.

"Kaa, dada," Somoe akamwambia, taratibu tu. "Sema kama ulivyosema."

Bi Zamda alikaa. Akauliza, "Mgonjwa ni wa wapi?"

"Wa hapa," akasema Mheshimiwa.

"Barua ya mwenyekiti wa mtaa?"

"Zamda, mimi ndiye Mkuu wa Wilaya."

Bi Zamda akamtazama Somoe. Somoe akaitikia kwa kichwa kumwambia aendelee. Bi Zamda akasema, machozi yakimchuruzika mpaka kidevuni, "Rudini kwenu Mtipwa." Wagonjwa waliokuwa kwenye foleni siku hiyo, watu wasiohusika kabisa, nao wakageuka kusoma bango.

Kitanda kikapanda Kigego tena na kushuka upande wa pili. Zahanati ya Mtipwa haikuwa imeelezwa chochote kuhusu maigizo. Karani wa huko, kijana mwenye miwani, alimtazama mzee wa suti aliyelowa jasho, midomo imemkauka, akauliza, "Alihesabiwa wapi?"

"Lungumbe," akasema Mheshimiwa. "Kijana, niletee maji."

"Basi hapa haumo, mzee. Maji ya wagonjwa ni ya walio kwenye hesabu."

"Lakini mimi ndiye niliyefanya hiyo hesabu!"

"Hongera," akasema kijana, akafunga dirisha.

Wakamgeuza. Wakampandisha. Juu ya Kigego wakamtua chini palepale, jiwe la mpaka usawa wa kiuno, kichwa upande wa Lungumbe na miguu upande wa Mtipwa. Alikuwa akihema kwelikweli sasa, mwekundu wa macho, na sidhani kama alikuwa bado anaigiza. Tulisimama tumewazunguka. Mvua ilikuwa inajikusanya nyuma ya Mtipwa.

"Sasa nifanye nini?" akauliza.

"Sasa unakufa," akasema Somoe.

Mheshimiwa alilitafakari jambo hilo. Aliinua kichwa, akalitazama jiwe, akaitazama miguu yake iliyokuwa ng'ambo. Uso wake ukaingiwa na wasiwasi, wasiwasi wa kweli, wa mtu aliyetumikia Serikali maisha yake yote.

"Hapa haiwezekani," akasema. "Miguu iko nje ya kituo cha kazi, na sijaiombea ruhusa."

Hakuwa anatania. Wote tulijua hakuwa anatania. Na hapo Somoe akacheka. Kicheko kilianza kama kikohozi, kisha kikamzidi nguvu, akashika tumbo, akashika bega la Chitanda, akachuchumaa chini akipiga ardhi kwa kiganja. "Hajaiombea ruhusa!" akasema. "Nangumbi, umesikia? Miguu haina ruhusa!" Chitanda akacheka, wabebaji wakacheka, tukacheka sote, mji mzima na Mgongoni nzima, mpaka mbavu zikauma. Mheshimiwa peke yake hakucheka, alikuwa bado anaangalia miguu yake.

Kisha Somoe akafuta macho, akasimama. Akauchukua mkeka mikononi mwa binti yake, akaukung'uta, akaukunja. Tanga likawa limeanuliwa.

Bi Zamda aliyekuwa ametufuata mpaka juu alijipenyeza mbele akapiga magoti. "Mama," akasema, "nisamehe. Nisamehe, dawa ilikuwa nyuma yangu."

Somoe alimtazama kwa upole, kama mtu anayeulizwa njia ya mahali asipopajua. "Kitu gani tena, dada? Si tumeshacheka?" Akaweka mkeka kichwani. "Jamani, mvua hiyo inakuja, nami nina shamba."

Akashuka upande wa Mgongoni. Jioni hiyohiyo tuliona moshi wa majani yanayochomwa shambani kwa Nangumbi.

Hitimisho

Waziri alikuja, ngoma zikapigwa, Cheti cha Kuwepo kimetundikwa ofisini ndani ya kioo. Mheshimiwa amenisihi nimalizie sura hii kwa kusema kwamba Lungumbe ni wilaya yenye amani, vilima vya kuvutia na watu wakarimu. Nimesema.

Utani umerudi. Tunaitana nyani kutwa nzima. Ila mtu wa mjini akikaa peke yake utamwona anatikisa kichwa, na wapo wanaosema wazi kwamba ingekuwa heri Somoe asingecheka, tukabaki na msiba, angalau tungekuwa na mahali pa kwenda kupiga magoti. Bi Zamda amerudi dirishani. Anampitisha kila mtu, wa Mgongoni, wa Mtipwa, hata waliopotea njia, na barua zake za onyo hazifungui tena. Wanamwambia ahsante, ila hakuna hata mmoja anayemwambia amesamehewa.

Jana nilimkuta Somoe sokoni. Mihogo yake imekubali mwaka huu, minene, imenyooka. Aliponiona tu akapaza sauti, "We mwalimu, nyani mla chaki, njoo ununue mihogo ya watu!" Soko zima likacheka, nami nikacheka, kwa kuwa kununa ni kushindwa. Nilinunua mafungu mawili. Alinifungia vizuri kwa ugwe, akaniita mwizi wa kuku, akaniambia niwasalimie nyumbani.

Liko jina jingine ninalostahili, mimi na foleni nzima ya siku ile. Nilisimama pale na mihogo yangu nikingoja labda leo ataniita. Hakuniita, kwa sababu hilo si la utani.